Nipe Mji

Katika nyumba za pwani za zamani, na hata leo katika zile chache ambazo jokofu halijaufukuza, mtungi wa maji ulikaa pembeni mwa ukumbi, mahali penye kivuli na penye kupitiwa na upepo, umekalishwa juu ya mchanga, na juu ya kifuniko chake imelazwa kata ya kifuu cha nazi. Mtoto aliyerudi kutoka juani, koo limemkauka na miguu ina vumbi la njia nzima, akichota kwa kata hiyo maji ya baridi ya kuburudisha moyo, kisha akatia mkono katika debe la bati lililokuwa papo hapo, kivulini humo humo, limejazwa maji ya kisima kile kile, akayaona vuguvugu, hakuweza kustahimili asiulize. “Bibi, haya ya mtungini nani kayapoza?” Na bibi, ambaye hakupata kukifungua kitabu cha fizikia wala kulisikia jina la elimu hiyo, akajibu bila kuinua macho katika ukili aliokuwa akiusuka: “Mtungi unatoka jasho, mjukuu wangu. Wewe ukitoka jasho, upepo ukakupiga, husikii baridi?” Mtoto akaupapasa mtungi kwa nje, akaukuta umelowa; akalipapasa debe, akalikuta kavu; akanyamaza.

Vitabu vilivyotungwa baadaye kwa ajili ya shule vimelieleza jambo hilo kwa maneno mengi zaidi, lakini sijaona kilicholieleza vizuri zaidi. Udongo uliofinyangwa na kuchomwa una vitundu vidogo mno visivyoonekana kwa macho. Maji hupenya humo taratibu, yakatokeza nje, yakageuka mvuke. Na kila tone ligeukalo mvuke haliondoki mikono mitupu, bali huondoka na joto lililolichukua kwa wenziwe waliobaki ndani. Gramu 1 ya maji ikigeuka mvuke huchukua joto la kutosha kupunguza digrii 10 katika gramu 50 na zaidi za maji yaliyosalia. Ndiyo sababu mtungi hufanya kazi yake kwa bidii siku ya upepo mkavu, na wakati wa masika, hewa ikishiba unyevu hata nguo hazikauki kambani, huwa mvivu kama mtu mwenye homa. Na hilo nalo bibi alilijua, ingawa hakuulizwa.

Historia ya mambo kama haya, yaani namna watu wazima walivyoyajibu maswali ya watoto juu ya vitu vya kila siku, haikuandikwa na mtu, kwa kuwa waliokuwa na kalamu waliona si maudhui ya kalamu, na waliokuwa wakiulizwa hawakuwa na kalamu. Imebaki katika lugha na katika desturi, na mtu akitaka kuisoma hana budi kuisoma humo.

Kwanza kabisa tuna kitendawili. Kila aliyelelewa katika Kiswahili anazijua taratibu zake: mtegaji hutangaza, wasikilizaji humwambia atege, naye hutega, yai likawa nyumba isiyo mlango, na watoto wakafikiri hata macho yakawatoka. Wakishindwa, mtegaji hudai, “Nipe mji,” nao humpa, mara Mombasa, mara Tanga, mara Pemba yote na karafuu zake. Naye husafiri kwa maneno mpaka huko, akapokewa, akala, akanywa, akatandikiwa, ndipo akarudi na jibu. Katika mchezo huu mna mambo mawili yanayostahili kutazamwa kwa makini. La kwanza ni kwamba anayeuliza ndiye ajuaye, na asiyejua ndiye ajibuye, kinyume kabisa cha swali la mtoto. La pili ni sheria: asiyejua hulipa. Hawezi kukasirika, hawezi kumwambia mtegaji kwamba kitendawili chake ni cha kipuuzi, hawezi kusingizia kazi. Hutoa mji, kisha hufundishwa.

Sheria hiyo ilishikwa kwa insafu kamili maadamu mtegaji alikuwa mkubwa. Lakini mtoto alipoupindua mchezo, akauliza yeye, tena mchana, tena jambo ambalo hata mkubwa halijui, miji iliadimika ghafula. Aliambiwa kwamba ndivyo Mungu alivyopenda, neno la kweli lisilojibu alichouliza. Au aliambiwa kwamba akikua atajua, ahadi ambayo wengi waliikumbuka walipokwisha kukua na wasijue. Au aliambiwa tu kwamba ana maneno mengi. Na waliosema hivyo ndio hao hao waliokuwa wakirudia barazani kwamba kuuliza si ujinga. Siwalaumu sana. Adabu ya pwani ilimtaka mtoto awe na masikio makubwa kuliko kinywa, na mtu aliyeshinda shambani au baharini tangu alfajiri si rahisi jioni aelezee kwa nini mwangwi hurudisha sauti ya mtu wala haurudishi sura yake.

Mahali jibu lilipopatikana kwa urahisi ni pale lilipokuwa chombo cha kazi. Mtoto aliyeuliza kwa nini asubuhi pwani imekauka hadi miambani na alasiri mawimbi yamefika penye mizizi ya minazi, hakukosa mtu wa kumjibu, kwa sababu mvuvi, nahodha, na mwanamke mwenye kuchokoa pweza wote waliishi kwa jibu hilo. Aliambiwa autazame mwezi. Mwezi ukiandama, na ukiwa mpevu, ni bamvua, maji hujaa sana na kupwa sana, na huko Unguja na Mombasa tofauti ya kujaa na kupwa hukaribia mita 4; mwezi ukiwa nusu, ni maji mafu, bahari haiendi mbali wala haiji karibu. Aliambiwa pia kwamba maji ya leo hayaji saa ya jana, bali huchelewa, na mwenye saa ya mkononi akipima ataona ni dakika 50 hivi kila siku. Kwa nini bahari imtii mwezi, hapo jibu lilikoma. Nusu ya pili ililetwa na Mwingereza Isaac Newton katika kitabu alichokitoa mwaka 1687, alipoonyesha kwamba mwezi na jua huivuta bahari, na kwamba vikiwa katika mstari mmoja huivuta pamoja. Jina hilo la Newton msomaji aliweke akibani, maana litarudi, na safari hiyo litarudi kama kizuizi.

Yako pia majibu yaliyokuwa mabaya, na lugha haikuyaficha. Tunasema hata leo kwamba mwezi umepatwa, wala wengi hatuulizi umepatwa na nani. Wazee wa kale walikuwa na jibu, nalo ni joka. Hapo dini iliingia, si kuongeza hofu, bali kuipunguza. Inasimuliwa katika hadithi mashuhuri kwamba siku aliyofariki Ibrahim, mwana mchanga wa Mtume, jua lilipatwa, watu wakasema kwamba limepatwa kwa ajili ya msiba ule. Naye, ilhali yumo katika huzuni ya mzazi, akawakataza dhana hiyo, akawafahamisha kwamba jua na mwezi ni ishara za Mwenyezi Mungu, havipatwi kwa kufa kwa mtu wala kwa kuishi kwake. Kwangu mimi hilo ni katika majibu makubwa yaliyopata kutolewa juu ya jambo la mbinguni, kwa kuwa aliyelitoa angeweza kulinyamazia la uongo lililomtukuza mwanawe.

Wazungu nao walikuwa na desturi zao, na zilikuwa mbili zisizopatana. Katika karne ya 19 Mwingereza Ebenezer Cobham Brewer alitunga kitabu kilichoenea mno, chenye maswali na majibu juu ya sayansi ya vitu vya nyumbani: kwa nini birika huimba, kwa nini moshi hupanda, na mengi ya namna hiyo, yote yamepangwa kama mafundisho ya kanisani, swali limeandikwa, jibu limeandikwa, mtoto ahifadhi. Kasoro yake ni kwamba mtoto hakuuliza. Aliulizwa kwa niaba yake. Desturi ya pili ilianza London mwaka 1825 katika jumba la Royal Institution, ambapo wakati wa Krismasi wataalamu husimama mbele ya vijana na kuwaonyesha mambo kwa vitendo. Michael Faraday, mwana wa mhunzi na mwanagenzi wa mjalidi wa vitabu aliyekuja kuwa bingwa wa umeme, alisimama hapo katika majira 19, na mara yake ya mwisho, mwaka 1860 kuingia 1861, alichukua mshumaa mmoja tu, akazungumza juu yake mihadhara 6: unapowaka nta huenda wapi, katikati ya ndimi za moto mna nini, maji yanayotokea juu ya kitu baridi kilichowekwa karibu na moto yametoka wapi. Huyu alikuwa ndugu wa yule bibi wa ukili. Hakumwambia mtoto ahifadhi, alimwambia apapase.

Shule zilizojengwa Tanganyika wakati wa ukoloni zilirithi zaidi la Brewer kuliko la Faraday, na kisa ninachotaka kukisimulia kwa kirefu kilitokea katika shule za nchi hiyo hiyo.

Mwaka 1963, Tanganyika ikiwa na miaka miwili hivi ya uhuru, katika shule ya sekondari ya Magamba, juu katika milima ya Usambara karibu na Lushoto, palikuwa na mwanafunzi wa kidato cha tatu aliyeitwa Erasto Mpemba. Wanafunzi pale walikuwa wakijitengenezea aiskrimu: huchemsha maziwa, huyachanganya na sukari, huyaacha yapoe, ndipo huyatia katika chumba cha barafu cha jokofu la shule. Nafasi ilikuwa haba na wenye hamu walikuwa wengi. Siku moja Mpemba akiwa anachemsha yake, mwenzake mmoja alitanguliza maziwa yasiyochemshwa ili asikose nafasi. Mpemba akaona kwamba akingoja yapoe trei ya mwisho itachukuliwa, akajasiri, akaingiza maziwa ya moto, ingawa alijua kwamba huenda akaliharibu jokofu. Baada ya saa moja na nusu walirudi wote wawili. Maziwa ya moto yalikuwa yamekwisha kuwa aiskrimu. Yale yaliyoingia baridi yalikuwa bado uji mzito.

Alimwuliza mwalimu wa fizikia. Mwalimu akamwambia kwamba amechanganyikiwa, jambo hilo haliwezi kuwa. Kijana akalikubali jibu kwa adabu aliyolelewa nayo, akanyamaza. Lakini likizoni alikutana na rafiki yake mjini Tanga aliyekuwa akitengeneza aiskrimu na kuiuza, naye akamwambia, bila kuona ajabu yoyote, kwamba yeye huyatia maziwa jokofuni yangali moto ili yagande upesi, na wauzaji wengine wa mji ule hufanya vivyo hivyo. Basi hapo pana jambo la kutafakari: elimu ilikuwako mjini Tanga, inauzwa kwa senti juani, na darasani haikuwako.

Akafaulu, akaenda Iringa, katika shule ya Mkwawa, iliyopewa jina la yule mtawala wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani hata akafa mwaka 1898. Walipofika katika somo la joto na kanuni ya Newton ya kupoa kwa vitu, Mpemba akauliza tena: kwa nini maziwa ya moto na ya baridi yakitiwa pamoja, ya moto hutangulia kuganda? Mwalimu wa pili naye akamwambia amechanganyikiwa. Na kijana alipong'ang'ana, akaambiwa kwamba hiyo ni fizikia ya Mpemba, si fizikia ya walimwengu. Darasa likacheka, na tangu siku hiyo kila aliyekosa hesabu aliambiwa kwamba hiyo ni hesabu ya Mpemba. Ni mzaha mdogo, lakini aliyepata kuwa mtoto wa shule anajua jinsi mzaha wa namna hiyo unavyoweza kumziba mtu kinywa miaka mingi. Huyu haukumziba. Siku moja alikuta maabara ya biolojia iko wazi, hamna mwalimu, akachukua vikombe viwili vya kioo, kimoja akakitia maji ya bomba na kimoja maji ya moto, akavitia katika chumba cha barafu cha jokofu. Baada ya saa moja kikombe cha maji ya moto kilikuwa na barafu nyingi zaidi.

Ndipo alipofika shuleni Dakta Denis Osborne, mwalimu wa fizikia wa Chuo Kikuu Kishiriki cha Dar es Salaam, kuwahutubia wanafunzi. Hotuba ilipokwisha, maswali yakafunguliwa, na Mpemba akasimama. Akauliza kwamba ukichukua vyombo viwili sawa vyenye maji kiasi kimoja, kimoja kina digrii 35 na kimoja digrii 100, ukavitia jokofuni, kile cha digrii 100 ndicho kinachoganda kwanza, kwa nini? Wenzake wakatahayari kwa niaba ya shule nzima. Mgeni alitabasamu, akamtaka alirudie swali, akamwuliza kama amelijaribu yeye mwenyewe, na alipoambiwa ndiyo, akajibu kwamba hajui sababu, ila anaahidi kulijaribu akifika Dar es Salaam.

Huo ndio mji. Mtu mzima, msomi, mgeni rasmi, mbele ya watoto na walimu wao, ameulizwa asilolijua, akalipa. Hakusema kwamba aliamini. Yeye mwenyewe aliandika baadaye kwamba alidhani kijana amekosea. Lakini alijua kwamba kudhani si kujibu. Wanafunzi walimlaumu Mpemba kwamba amewaaibisha na kwamba kusudi lake lilikuwa kumshinda mgeni. Yeye akaenda jikoni, akazungumza na mkuu wa wapishi, akapewa jokofu kwa juma zima. Nami katika watu wote wa kisa hiki ningependa sana kumjua mpishi huyo.

Dar es Salaam, Osborne alimpa fundi wake wa maabara kazi ya kupima. Fundi akaleta habari kwamba maji yaliyoanza moto ndiyo yaliyoganda kwanza, kisha akamtuliza bwana wake kwamba wataendelea kulirudia jaribio mpaka walipate jibu lililo sahihi. Walirudia, na jibu halikubadilika. Walitumia maji sentimita 70 za ujazo katika vikombe vya kioo, wakaona kwamba yaliyoanza na digrii 25 hivi ndiyo yaliyokawia kuliko yote kuanza kuganda, na yaliyoanza na digrii 90 hivi ndiyo yaliyowahi. Wakashuku mvuke, lile lile jasho la mtungi, wakaona kwamba maji yaliyopotea kwa mvuke ni machache mno kulibeba jambo zima. Wakashuku hewa iliyomo majini, wakaiondolea shaka. Walipomwagia mafuta kiasi cha utando juu ya maji, kuganda kulichelewa sana, ikawa dalili kwamba joto hutokea zaidi usoni pa maji, na kwamba mzunguko wa ndani, ya moto yakipanda na ya baridi yakishuka, huenda ndio unaoshika ufunguo.

Kanuni ya Newton haikuvunjika, na hili ni haki lielezwe, maana kisa hiki husimuliwa mara nyingine kana kwamba mtoto alimwangusha mwanachuoni. Kanuni ile husema juu ya kitu chenye joto moja mwili mzima, na maji kikombeni si kitu cha namna hiyo. Walimu wawili waliijua kanuni wakasahau mipaka yake.

Lililo la ajabu zaidi ni kwamba swali halikuwa jipya. Aristotle aliandika, zaidi ya miaka 2,000 iliyopita, kwamba wavuvi wa Ponto waliopiga kambi juu ya barafu waliyamwaga maji ya moto kandokando ya mianzi yao ili yagande upesi na kuishika. Francis Bacon alilitaja mwaka 1620, na Descartes akaligusa mwaka 1637. Kisha likatoweka katika vitabu, likabaki kwa watu wenye kugandisha vitu kwa ajili ya riziki, mpaka lilipoulizwa Magamba. Leo wataalamu hawajaafikiana. Mwaka 2012 chama cha kemia cha Uingereza kilitangaza zawadi kwa mwenye maelezo bora, yakaja majibu zaidi ya 22,000. Mwaka 2016 watafiti wawili wa Uingereza waliandika kwamba wamepima kwa uangalifu na hawakuona ushahidi wa kuridhisha kwa upande wa maji. Mwaka 2020 wengine wawili huko Kanada walitumia punje ndogo mno ya kioo, wakaonyesha kwamba kitu cha moto chaweza kweli kukitangulia cha vuguvugu katika kupoa. Mwenye jokofu na vikombe viwili anaweza kuingia katika mabishano hayo usiku wa leo, na mtoto wake atamsaidia kuchungulia.

Mpemba hakuwa mwanafizikia. Alisomea uhifadhi wa wanyamapori, akaifanya kazi hiyo serikalini. Makala yake na Osborne ilitoka mwaka 1969 katika jarida la Kiingereza la walimu wa fizikia, kila mmoja akisimulia sehemu yake, na majina ya waandishi ni mawili: la kwanza ni la E. B. Mpemba wa chuo cha wanyamapori, Moshi, na la pili ni la D. G. Osborne.